Usilale, Gari Linakuja

Tanga, Jumatatu, 3 Machi 2025

Mwalimu Mika,

Shikamoo.

Leo ni siku ya kumi tangu filamu ya *Gari Linakuja* iwekwe mtandaoni, na tovuti yetu ya Mwangwi haijapata hata mstari mmoja kutoka kwako. Tovuti za Dar zimeandika. Za Arusha zimeandika. Hata jamaa mmoja wa Moshi anayeandika mapishi ameandika. Sisi wenye mwandishi Lushoto mjini tumenyamaza kama tumefiwa.

Kama kweli hujaiona, nikueleze. Mama wa Kishambaa amekaa kando ya barabara ya mlimani, mvua inanyesha. Amempakata mbuzi mgonjwa aliyefungwa kitenge kama mtoto mchanga, anangoja gari la kumpeleka kwa daktari wa mifugo. Gari haliji. Muda wote anambembeleza mbuzi kwa maneno yale yale: "Tulia, gari linakuja. Usilale, gari linakuja." Watazamaji wamepita milioni mbili, na nchi nzima imevunjika mbavu. Umeme ukikatika, watu wanaambiana usilale, gari linakuja. Mshambuliaji akikosa goli, usilale, gari linakuja. Jana wakati wa kufuturu mpwa wangu aliuambia uji uliochelewa kuiva.

Mtengenezaji, Alen Hoza, ni kijana wa huko huko kwenu, Malindi ya Lushoto. Mwigizaji amesema sauti ile alifundishwa kwa kusikiliza. Alimsikiliza nani? Huyo ndiye ninayemtaka. Nenda, uliza, niletee habari hadi Alhamisi. Nafasi ya juu kabisa ya ukurasa ni yako.

Zakia Singano
Mhariri Mkuu


Lushoto, 4 Machi 2025

Zakia,

Marahaba.

Sitaandika habari ya filamu hiyo, wala sitaenda kuuliza nani kamwiga nani. Unisamehe kwa kuanza na jibu, lakini naona siku hizi hata wewe huna muda wa salamu ndefu.

Unasema nchi nzima imevunjika mbavu. Huku sijamwona aliyevunjika. Nimewaona akina mama wauza karoti pale sokoni wakitaja bei, na mnunuzi aliyekuja na lori anabana pua na kuwarudishia maneno yao kwa sauti ya filamu, wenzake wanacheka. Hicho ndicho unachotaka nikipambe?

Nilikufundisha darasa la sita kule Mlalo. Ulikuja na Kiswahili cha nyumbani kwa bibi yako, maneno umeyavuta kama huyo mama wa filamu, na watoto wa watumishi wa serikali wakakucheka mpaka ukajificha nyuma ya choo. Nani alikuja kukutoa? Leo wewe ndiye unayenitengea nafasi ya juu ya ukurasa ili nikawashike wenzetu wachekwe vizuri.

Tafuta mwingine.

Mika Shemdoe


Tanga, 7 Machi 2025

Mwalimu Mika,

Usinirudishe nyuma ya choo kila unapokosa hoja. Nilikuwa na miaka kumi na miwili. Sasa nina thelathini na tisa, naongoza watu kumi na mmoja, na sikukuomba ucheke, nilikuomba ufanye kazi. Watu wanacheka kitu. Kazi yetu ni kuwaambia kitu hicho kimetoka wapi. Hilo ndilo swali nililokuuliza, na ndilo ulilolikimbia.

Kwa kuwa hukuleta chochote, Hadija wa dawati la burudani ameweka orodha yake, "Mara Kumi 'Usilale' Ilipotuua kwa Kicheko". Hadi sasa hakuna ukurasa wetu uliosomwa zaidi ya huo mwaka huu. Kama ina aibu, aibu hiyo tugawane, maana nafasi ilikuwa yako.

Sasa sikiliza. Chini ya orodha hiyo, kati ya vicheko mia nane, mtu mmoja aliyejiita Loveness ameandika hivi: "Hayo maneno si ya mbuzi. Ni ya mama yangu. Njooni Gare muulize." Hadija amemwandikia, hajajibu. Gare hapo kwako ni safari ya pikipiki. Nenda Jumamosi.

Na kama una hasira na filamu, iandike hasira hiyo. Hasira nayo inasomwa.

Zakia


Lushoto, 10 Machi 2025

Zakia,

Naona shikamoo imekwisha. Sawa.

Nimefika Gare Jumamosi kama ulivyoagiza. Nimeuliza karibu na misheni, nimeuliza wanaposimama wenye pikipiki, nimeuliza duka la pembejeo. Huyo Loveness hakuna anayemjua. Ni mtu anayetafuta jina kwa kupanda mgongo wa filamu, kama wengine wengi wiki hii. Achaneni naye. Mkimfuata kila anayeandika chini ya orodha zenu za kipuuzi, mtatembea sana.

Hasira uliyoitaka nimeiambatanisha. Kichwa chake ni "Sisi Si Mbuzi Wenu". Usipunguze neno.

Mika Shemdoe


Tanga, 17 Machi 2025

Mwalimu Mika,

Sikupunguza neno. Na matokeo yake umeyaona, lakini nataka uyasome yakiwa yameandikwa na mimi.

Makala yako imesomwa na watu laki nne kwa siku tano. Washambaa wa Dar wamefanya kikao na kutaka filamu iondolewe. Wengine wanajibu kwamba watu wa milimani hawajui utani. Chini ya makala yako watu wanatukanana kwa makabila yao, na Hadija amefuta matusi mpaka vidole vimemuuma. Hapa Tanga mjini kijana aliyekuwa akiuza fulana za "Usilale" amepinduliwa meza yake. Mwigizaji, binti ambaye alipewa maneno akayasema, amefukuzwa kwenye harusi Korogwe na kumwagiwa maji ya vyombo. Uliandika kwamba "aliyefungua kinywa kututukana asipokewe mahali". Walikutii.

Jana Alen Hoza alijitokeza mubashara kwenye ukurasa wake kujitetea. Ninanukuu: "Mimi sikumcheka mtu. Ile sauti ya mama nilipewa na mwandishi wa habari wa Lushoto, mtu mzima, ninayemheshimu. Aliniambia, chukua, itumie." Wakamuuliza jina, akakataa kulitaja.

Lushoto nzima waandishi tunaowajua hawafiki watano. Mwenye umri wa kuitwa mtu mzima na kijana wa miaka ishirini na sita ni mmoja.

Nakuuliza mara moja. Ni wewe?

Zakia


Lushoto, 18 Machi 2025

Zakia,

Unanihoji kama askari wa upelelezi, na bado hujafikisha umri wa mdogo wangu wa mwisho.

Kuna redio. Kuna vijana wanaopiga picha za harusi na kujiita waandishi. Kuna wanafunzi wa chuo wanaokuja kila mwaka na vinasa sauti, wanarekodi bibi zetu, wanaondoka. Alen angeweza kuipata popote. Kijana amebanwa, anatafuta mgongo wa kuangushia mzigo, na wewe umeukimbilia mgongo wangu kwa sababu nimekataa kucheka pamoja nawe.

Miaka tisa nimeiandikia Mwangwi. Ninadai uniombe radhi kwa maandishi, na nakala apewe Hadija, maana najua ameshasoma barua zetu.

Mika Shemdoe


Lushoto, 24 Machi 2025

Kwa Mhariri wa Mwangwi,

Mimi ni Loveness Kaniki wa Gare. Nina miaka kumi na tisa. Nimeandikia kwenye duka la stationery hapa mjini kwa sababu simu yangu haina kifurushi cha kutosha. Dada Hadija aliniuliza maswali, nilichelewa kujibu kwa sababu nilikuwa nafikiri kama nijibu.

Mama yangu anaitwa Secilia. Mwezi wa nne mwaka 2022 mdogo wangu Abrahamu alishikwa na kichomi. Ilikuwa masika, mlima ulikuwa umeporomoka na barabara imekatika. Tulimbeba hadi barabarani, tukaambiwa gari linazunguka upande wa pili, litafika. Tulikaa pale kuanzia asubuhi. Mama alimpakata na kumfunika kitenge. Alikuwa akimwambia tulia, gari linakuja, usilale. Abrahamu alilala saa nane mchana na hakuamka.

Mwezi uliofuata mwandishi wenu Mwalimu Mika Shemdoe alikuja nyumbani. Mama alimpikia chai. Alimrekodi kwa simu. Alisema habari hiyo itawafanya wakubwa wajenge barabara. Tulikaa tukiisubiri. Mama alikuwa akinituma kwa jirani mwenye redio kuuliza kama imeshasemwa.

Mwaka huu mama alikwenda gulioni na kabichi. Kijana wa vitunguu akapiga kelele, "Usilale, gari linakuja!" na watu wote wakacheka. Mama aligeuka. Alidhani kuna mtu mgonjwa. Kisha mwingine naye akasema, na mwingine. Alirudi nyumbani na kabichi zote. Tangu siku hiyo haongei tena Kiswahili. Mtu akimsalimia kwa Kiswahili anaitikia kwa kichwa.

Dada Hadija amesema Mwalimu alikuja Gare mwezi huu, hakutuona. Hakuna aliyekuja. Nyumba yetu anaijua.

Loveness Kaniki


Tanga, 24 Machi 2025

Mika,

Hukwenda Gare.

Barua ya binti huyo nimeiambatanisha. Isome hadi mwisho, halafu useme ni nani anayemwomba radhi mwenzake kwa maandishi.

Uliwaandikia Watanzania wamfukuze msichana aliyesema maneno, na mkononi mwako ulikuwa na simu iliyoyatoa.

Zakia Singano


Lushoto, 26 Machi 2025

Zakia,

Ni mimi.

Jumamosi ile pikipiki nilipanda. Nilifika hadi njia panda ya kwao, nikaona moshi wa jiko lao, nikamwambia dereva ageuze. Hiyo ndiyo safari niliyokuandikia.

Alen alikuwa mwanafunzi wangu. Mwezi wa nane mwaka jana alinitembelea, akasema anataka kutengeneza filamu juu ya akina mama wa milimani, filamu ya kuwaliza watu. Nikamwambia nina kitu. Nikamtumia rekodi nzima kutoka simu yangu kwenda yake. Haikuchukua hata dakika tatu. Sikwenda kumuuliza Secilia. Nilijiambia ni kwa faida yake.

Filamu niliiona Jumapili baada ya ibada, kwenye simu ya mke wangu. Mke wangu alikuwa anacheka. Nami nilicheka, Zakia. Kabla sijaitambua sauti, nilicheka. Nikampigia Alen nikamtukana. Akaniambia, "Mwalimu, nilianza na mtoto. Watu niliowaonyesha walizima kabla ya nusu. Nikaweka mbuzi, wakaangalia hadi mwisho." Yule msichana aliyefukuzwa Korogwe sikumjua hata jina nilipoandika makala ile. Nilikuwa natafuta mtu wa kuchukiwa ambaye si mimi.

Sasa nikuulize na wewe. Rekodi ile niliitengeneza kwa ajili ya nani? Fungua barua zako za tarehe 26 Mei 2022. Nilikutumia dakika zote arobaini na moja, pamoja na habari iliyokamilika, jina la mtoto, jina la barabara. Unakumbuka ulinijibu nini? Mimi nakumbuka, maana nilitakiwa kurudi Gare kumweleza yule mama nikashindwa. Uliandika: "Mwalimu, vifo vya mvua tumeshatoa vitatu mwezi huu. Haina jipya. Leta ile ya bei ya viazi."

Nilikuletea viazi vyako.

Mika


Tanga, 27 Machi 2025

Mika,

Nimeifungua. Ipo. Maneno ni yale yale, na juu yake hata shikamoo sikuweka.

Rekodi sikuwahi kuisikiliza. Hadi jana ilikuwa imekaa humo miaka karibu mitatu haijaguswa. Jana niliisikiliza yote nikiwa nimefunga mlango wa ofisi. Sitakuambia nilivyojisikia. Hujapata haki ya kuambiwa.

Lakini usidhani tumelingana. Mimi nilikataa habari. Wewe uliwapa watu wengine mama wa watu na msiba wake, kisha ukasema uongo, kisha ukamtafutia mwingine adhabu yako. Kosa langu halifuti la kwako.

Sasa tufanye kazi. Ninaiweka hewani Jumamosi. Rekodi nzima, bila kukata. Barua ya Loveness. Makosa yetu, yako na yangu, kwa majina. Kichwa cha habari: "Tumempata Mama wa 'Gari Linakuja'". Walioicheka filamu wasikie walichokuwa wanakicheka. Watu milioni mbili walimsikia mbuzi. Wamsikie na Abrahamu.

Zakia


Lushoto, 28 Machi 2025

Zakia,

"Tumempata." Kwani alipotea?

Weka rekodi ile hewani Jumamosi, na Jumapili kuna vijana kumi na simu zao kwenye mlango wa Secilia. Watampiga picha akichuma kabichi. Watamwomba aseme lile neno. Watamwomba alie. Ukimaliza kumuumbua utasema umemtetea, na utapata laki nne nyingine. Mimi niliuza sauti yake kwa bei ya ujinga. Wewe unataka kuiuza kwa bei ya huruma, nayo ni ghali zaidi.

Unanichukia, na una haki. Lakini binti yake alikuandikia barua. Je, alikuomba uitangaze? Isome tena. Hakuna alichoomba. Hata kwako hakutegemea kitu.

Hujamuuliza mama mwenyewe. Mimi sikumuuliza, na tazama.

Mika


Tanga, 28 Machi 2025

Mika,

Inanichoma kwamba safari hii uko sahihi, na kwamba ni wewe wa kuniambia.

Jumamosi nimeifuta. Baada ya Idi nakuja. Jumatano, tarehe 2, saa tatu asubuhi, uwe unanisubiri Lushoto stendi. Tutakwenda Gare wote wawili na utaingia mlangoni mbele yangu. Njiani usinisemeshe.

Zakia


Tanga, 4 Aprili 2025

Mika,

Ninakuandikia yale uliyoyakosa kwa kuondoka.

Uliniambia unafunga kamba ya kiatu, nitangulie. Niliingia peke yangu. Bi Secilia alikuwa nyuma ya nyumba anachambua majani ya kabichi. Ni mwembamba kuliko nilivyomfikiria. Mwigizaji walimvalisha mito kiunoni ili awe mnene. Nilimsalimia kwa Kishambaa changu kilichopata kutu, akanionyesha kigoda. Kwa muda wote niliokuwa pale hakutamka neno la Kiswahili. Pale nilipokwama Loveness alinisaidia.

Mama alisema kwanza anataka kusikia kilichomo kwenye simu. Kwamba watu wote wamekisikia isipokuwa yeye. Nikaweka simu juu ya ndoo iliyopinduliwa. Alisikiliza dakika zote arobaini na moja. Mikono ilikuwa ikiendelea na kabichi hadi karibu na mwisho, pale kwenye maneno yenyewe, hapo ikasimama. Halafu akauliza, "Na yule aliyekunywa chai yangu yuko wapi?" Nikasema yuko barabarani. Akasema, "Aje."

Loveness alitoka kukuita. Akarudi akasema pikipiki imeondoka na mtu wake.

Mama alinitazama tu, mimi niliyekuja na wewe. Sijawahi kuona aibu ya namna ile, na haikuwa yangu yote.

Kisha alisema anachotaka, na nilikiandika. Rekodi isitolewe kwa mtu yeyote tena, ifutwe, na ifutwe mbele ya Loveness, yangu nimeshaifuta. Picha yake isipigwe. Orodha ya vichekesho iondolewe, nimeiondoa jana. Habari iandikwe, lakini jina liandikwe la mtoto, Abrahamu Kaniki, kwa sababu kwenye filamu wamemfanya mbuzi. Iandikwe na wewe. Iseme ulichofanya na nilichofanya. Kabla haijatoka asomewe, neno kwa neno.

Na kabla ya kuandika, uende. Peke yako.

Sina la kuongeza. Ningekuwa na mtu mwingine wa kumtuma, ningemtuma.

Zakia


Lushoto, 9 Aprili 2025

Zakia,

Nilikwenda Jumapili baada ya wao kutoka misa. Pikipiki niliiacha mjini nikatembea, ili nisiwe na cha kugeuza.

Alinipa kigoda kile kile cha mwaka ule. Chai haikuletwa. Nilimweleza yote kwa Kishambaa, tangu chai ile hadi njia panda nilipoona moshi, hadi kamba ya kiatu. Nilimwambia pia kwamba nilicheka. Nilidhani hilo ningeweza kulificha, nikaliona linatoka. Loveness aliinuka akatoka nje.

Nilifuta rekodi kwenye simu mbele yake aliporudi. Nilimpigia Alen pale pale, simu ikiwa wazi, nikamwambia naye afute ya kwake. Alisema atafuta. Aliomba aongee na mama. Mama alitikisa kichwa.

Kisha aliniuliza swali moja tu. "Siku ile ulipokuwa unaniitikia hm, hm, ulikuwa unanisikiliza mimi, au ulikuwa unaiangalia simu kama inaandika?"

Alingoja jibu kwa heshima, zaidi ya nilivyostahili, kisha akarudi kwenye kazi yake. Nilikaa kidogo nikaona nimeshaagwa.

Habari nimeiambatanisha. Ni maneno mia sita. Jina langu nimeliweka kwenye sentensi ya pili na lako kwenye ya nne. Jina la msichana wa Korogwe halimo, ila kosa langu kwake limo. Chini yake kuna barua yangu ya kuacha kazi. Usijisumbue kunijibu kwa hilo.

Mika Shemdoe


Tanga, 10 Aprili 2025

Mwalimu Mika,

Kuacha kazi nimekukubalia. Ungebaki ningekufukuza, na ningeona vibaya kukufukuza.

Habari ni nzuri. Ni nzuri kuliko chochote ulichowahi kuniletea, na nimeisoma nikiwa na hasira kwamba ilihitaji haya yote. Sentensi yangu ya nne umeiandika kwa upole, nimeifanya kali. Kwingine kote sikugusa, ila mwishoni nimeongeza sentensi moja. Umeikatisha habari ghafla mno, na wasomaji wetu watakuwa na hasira, watataka kujua waipeleke wapi. Baada ya matusi ya mwezi mzima wanahitaji mahali pa kutua.

Nimempelekea Loveness amsomee mama. Akikubali, tunaitoa Jumatatu.

Zakia Singano


Lushoto, 12 Aprili 2025

Dada Zakia,

Shikamoo.

Nimemsomea mama habari yote jana jioni, nikimtafsiria. Alinirudisha nyuma mara nyingi. Kuna mambo matatu mrekebishe.

La kwanza. Mmeandika Abrahamu alikuwa na miaka sita. Alikuwa na saba na miezi miwili. Alikuwa ameanza darasa la kwanza mwezi wa kwanza mwaka huo na daftari lake la hesabu lipo.

La pili. Mmeandika alifariki "njiani kuelekea hospitali". Hakufia njiani. Njia hatukuwa tumeianza. Alifia pale tulipokaa.

La tatu ni ile sentensi ya mwisho, inayosema, "Pamoja na yote, familia ya marehemu imesema imewasamehe wote waliohusika." Mama ameuliza ni nani katika familia aliyewaambia hivyo. Mimi sikusema. Yeye hakusema. Nilimwambia labda mmeiweka ili watu wasiendelee kugombana. Amesema wagombane.

Sentensi hiyo iondolewe. Mama hajasamehe. Akisamehe atatuambia sisi, na mimi sitawaandikia.

Mengine yote amesema ni kweli, mnaweza kuyatoa.

Loveness Kaniki